Jongoo Hakunywa Maji ya Mto

Wapo walimu ambao hasira ikiwapanda hupaza sauti, wapo wanaopiga meza, na wapo wanaotoka nje wakazunguka uwanja hadi moyo utulie. Bi Nukta hakuwa na tabia yoyote kati ya hizo. Yeye alipokasirika, mwandiko wake ulipungua. Siku njema herufi zake ubaoni zilisomwa hata na mtoto aliyekaa mlangoni. Siku mbaya zilikuwa ndogo kama mayai ya sisimizi, na darasa zima lilisogeza viti mbele bila kuambiwa, likijua kwamba leo hakuna mzaha. Jina lenyewe alipewa na wanafunzi, kwa kuwa hakuchoka kuwaambia kwamba hesabu nzima huweza kufa kwa nukta moja iliyowekwa pasipo pake. Alipolisikia alicheka, akalikubali. Mwishowe hata mumewe, seremala mwenye maneno machache na utani mwingi, akawa analitumia mezani alipotaka kusogezewa chumvi.

Mchana alifundisha hisabati, na jioni alisimamia klabu ya kompyuta katika chumba cha mwisho cha shule, kile kilichopakana na stoo. Kompyuta zilikuwa za zamani, zenye feni zinazokoroma kama mzee aliyeshiba. Michezo mipya hazikuiweza, lakini ziliuweza mchezo mmoja wa kunusurika, wa miaka mingi, ambao hata waliouunda walikuwa kama wameusahau. Ndani yake mtu huachwa kisiwani mikono mitupu: atafute kuni, awashe moto, ajenge kibanda, ale, anywe, alale, na akikosea hatua moja anakufa. Uzuri wa mchezo ule ni kwamba haukumlazimisha mchezaji kucheza kwa mikono. Aliweza kuandika programu, maagizo yanayofuatana mstari kwa mstari, kisha akakaa kando na kumtazama kiumbe wake akijiongoza.

Mashindano ya watoto ya kuandika programu yalitaka jambo la namna hiyo hiyo. Kila timu ije na kazi yake na mashine yake, iiendeshe mbele ya majaji pasipo mtu kugusa kitu, kisha iieleze. Mwaka ule shule ya Bi Nukta ndiyo iliyokuwa mwenyeji.

Timu yake ilikuwa ya watoto watatu. Wa kwanza ni Nahodha, msichana aliyeitwa hivyo kwa sababu hakuwahi kuomba uongozi, aliushika tu. Wa pili ni Mzee, mvulana mwenye miwani na desturi ya kuguna kabla ya kujibu. Wa tatu ni Chapuchapu, binti mdogo ambaye vidole vyake vilifika kwenye kibodi kabla ya mawazo yake. Kiumbe wao wa kisiwani walimwita Jongoo kwa ajili ya mwendo wake. Kwa miezi mingi walimfundisha maisha. Akiamka ahesabu kuni. Wingu likitanda aingie kibandani. Sehemu ya kunywa aliiandika Nahodha peke yake, nayo ilikuwa fupi na safi hata Bi Nukta akaisoma mara mbili kwa raha: kiu ikizidi kiasi fulani, nenda mtoni, kunywa hadi iishe. Kwa maagizo hayo Jongoo alifikia kuishi kisiwani siku nyingi kuliko mtoto yeyote wa shule ile aliyewahi kucheza kwa mikono yake.

Kwa Nahodha hii ilikuwa nafasi ya kwanza na ya mwisho. Mashindano yalikuwa na kikomo cha umri, na mwaka unaofuata yeye angekuwa amekivuka. Alilijua hilo, akalitaja mara moja tu, akiwa anafunga begi lake. Bi Nukta hakulisahau.

Kisha, baada ya ukimya wa miaka, waundaji wa mchezo wakaukumbuka. Siku moja kwenye kona ya kila skrini ikatokea alama ndogo ya rangi ya chungwa, na maneno: sasisho jipya lipo. Bi Nukta aliyasoma maelezo yake yote hadi mstari wa mwisho. Sasisho lingeleta wanyama wapya, maradhi mapya, na vyombo vya kufinyanga. Akafunga maelezo, akawakusanya watoto.

"Anayeezeka nyumba habadilishi msingi," aliwaambia. "Tutalitazama baada ya mashindano. Hadi siku hiyo, alama ile kwetu ni inzi."

Akachomoa waya wa mtandao, akauviringisha, akautundika kwenye msumari juu ya dirisha. Ubaoni akaandika, kwa herufi kubwa za siku njema, kwamba mtu yeyote asiguse kona ya skrini wala asirudishe waya. Diski ya mchezo, ambayo ndiyo pekee iliyobeba toleo la zamani, akaiweka kabatini ndani ya boksi la viatu. Alikuwa amefunga kila mlango aliouona. Mlango aliousahau ni shemeji yake.

Mwalimu mkuu alikuwa mdogo wa mumewe. Mbele ya wanafunzi waliitana Mwalimu, wakiwa wenyewe waliitana shemeji, na kila Jumapili mwalimu mkuu alikuja kula kwao kwa madai kwamba wali anaoupika mwenyewe una ladha ya upweke. Hakuwa mtu mbaya. Kasoro yake ilikuwa moja, na si yake peke yake, bali ya shule nzima: mgeni akitarajiwa, lazima kila kitu kionekane kipya. Kuta zilipakwa rangi, mawe ya njiani yakapakwa chokaa, vitabu vinavyosomwa vikafichwa stoo, na vile ambavyo havijawahi kufunguliwa vikapangwa mezani. Wanafunzi walisema kwamba wageni wakija, hata kuku wa mlinzi anaogeshwa.

Basi siku iliyotangulia mashindano, Bi Nukta akiwa ukumbini anapanga viti na walimu wenzake, mwalimu mkuu alichukua kitambaa akaingia chumba cha kompyuta. Alipanguza meza. Alifuta ubao, kwa kuwa ubao mtupu unapendeza. Aliuona waya unaning'inia msumarini kama utumbo wa mbuzi, akaurudisha mahali pake. Alitoa maboksi chakavu kabatini, la viatu likiwemo, akampa mlinzi akayachome. Mwisho akaziona zile alama za rangi ya chungwa. Kwake yalikuwa madoa. Alibonyeza moja, skrini ikamuuliza kama anakubali, naye akakubali, kutoka mashine hii hadi ile, akijisikia kama mtu anayeng'oa magugu.

Asubuhi ya mashindano watoto walifika mapema kufanya jaribio la mwisho. Jongoo aliamka vizuri, akahesabu kuni, akajenga. Kiu ikaja. Akaenda mtoni, akanywa, akashika tumbo. Maradhi yakamzidishia kiu, kiu ikamrudisha mtoni, akanywa tena, akaugua zaidi, akanywa. Jua la siku ya kwanza halijatua, Jongoo alikuwa amelala kifudifudi ukingoni, mdomo ndani ya maji.

Wakaanza upya. Akafa vile vile.

Bi Nukta aliutazama ubao, akauona mtupu. Akatazama msumari. Akafungua kabati, boksi la viatu halikuwemo. Yote aliyaelewa kwa pamoja. Katika mchezo uliosasishwa, maji ya mto yalikuwa na maradhi. Sharti yachemshwe, na ili yachemke pawe na chungu, na ili pawe na chungu upatikane udongo wa kufinyangia. Jongoo hakuwahi kusikia habari za udongo.

Nahodha alimgeukia. "Ulisema tukifuata kila hatua, programu haiwezi kuvunjika."

"Nilisema," akajibu Bi Nukta.

Alimpigia simu mwalimu wa shule jirani aliyekuwa na mchezo ule ule, kumwomba toleo la zamani, akaambiwa kwamba mashine za huko ziko kwenye mtandao daima, na zilijisasisha zenyewe zamani. Akashusha simu. Hasira ilikuwa imeanzia kwenye nyayo, ikapanda taratibu, na ilipofika kifuani ilituama, nzito, baridi. Watu hupenda kusema kwamba hasira ni hasara. Bi Nukta hakuwahi kuupenda msemo ule, na asubuhi ile aliuchukia. Kwake hasara ilikuwa imekwisha kutangulia, na hasira ilifuata nyuma kama mfiwa anavyofuata jeneza.

Alimkuta shemeji yake ofisini, kati ya mapazia mapya na harufu ya rangi, akifunga tai mbele ya kioo.

"Shemeji, mbona uso hivyo? Wageni wako getini."

"Nani amegusa kompyuta za klabu?"

"Mimi mwenyewe," akasema, tena kwa fahari kidogo. "Zilikuwa na madoa. Sasa ni kama zimetoka kiwandani."

Bi Nukta akamweleza hatua kwa hatua, kama anavyomweleza mwanafunzi aliyekosa vipindi. Mwalimu mkuu alisikiliza huku akinyoosha tai, na kwa muda alionekana kama mtu anayelalamikiwa kwamba sabuni imebadilishwa. Aliuliza kitu kikifanywa kipya kinaharibikaje. Kisha ikamwingia, na hofu ikamjia usoni. Bi Nukta aliitazama vizuri hofu ile, akaona kwamba haikuwa ya watoto. Ilikuwa ya wageni. Mwalimu mkuu akashusha sauti, akatoa shauri. Wiki iliyopita alikuwa amemrekodi Jongoo kwa simu, mwanzo hadi mwisho. Picha ile ingeweza kurushwa ukutani, watoto wakae mbele ya kibodi, na hakuna ambaye angejua.

"Wakae waigize?"

"Kuigiza wapi? Kazi si yao? Ni ile ile, ila ya juzi."

"Shemeji, umefuta kazi ya watoto kwa kitambaa cha vumbi. Sasa unataka na wao washike kitambaa wakufutie aibu."

"Punguza sauti, Mwalimu."

Hakuwa ameipaza. Alitoka, akauacha mlango wazi nyuma yake, jambo ambalo hakuwahi kulifanya.

Kwa jaji mkuu, mhandisi mmoja mwanamke mwenye mvi zilizokatwa fupi, aliomba kitu kimoja: timu yake iitwe ya mwisho. Akakubaliwa hilo, ila pasipo nafuu nyingine yoyote. Kinachohukumiwa, aliambiwa kwa upole, ni kinachoonekana.

Ukumbini makofi yalipanda na kushuka, na katika chumba cha mwisho watoto watatu wakahangaika. Chapuchapu aliandika maagizo ya chungu kwa kasi ya ajabu, lakini Jongoo alizunguka kisiwa kizima asiuone udongo, akafa akizunguka. Bi Nukta alisimama nyuma yao, mikono ameishika mgongoni, kwa sababu mikono ile ilitaka sana kushika kibodi, na kazi haikuwa yake.

Mzee akaguna.

"Mvua," akasema. "Wamegusa mto. Mvua je?"

Walijaribu. Jongoo akanywa maji ya mvua, asiugue. Ila mvua ya kisiwa kile haikuagizwa na mtu, ilikuja ilipopenda. Hata hivyo muda ulikuwa umekwisha, na njia nyingine haikuwepo. Ulibaki ule mstari wa kunywa mtoni, nao ilibidi uondoke. Chapuchapu alinyoosha kidole aufute, Nahodha akamzuia. Akaufuta mwenyewe, herufi baada ya herufi, kutoka mwisho kwenda mwanzo. Mahali pake akaandika kwamba maji ya mto yasinywewe kamwe, na mvua ikinyesha Jongoo atoke nje ainue mikono.

Ukumbi ulikuwa umejaa wazazi. Jongoo akaonekana ukutani, mkubwa kuliko walivyowahi kumwona, akahesabu kuni zake, akajenga, akawasha moto. Kiu ikaja. Akapita kando ya mto bila hata kuutazama. Siku ya pili akapita tena, akiyumba. Wingu likajikusanya, ukumbi ukatulia, wingu likaondoka zake.

"Kunywa, baba, maji hayo hapo," mama mmoja akasema kutoka viti vya nyuma, na watu wakacheka.

Siku ya tatu Jongoo alitambaa. Alianguka hatua moja kutoka kwenye maji, akatulia. Na kabla skrini haijafungwa, mvua ikaanza kunyesha juu ya kisiwa, kubwa, ya haki, ikamlowesha mgongo. Ukumbi ukaangua kicheko, kile kicheko cha watu wasiojua wanachokicheka. Chapuchapu akajifunika uso. Nahodha alisimama wima akiitazama mvua mpaka ilipozimwa.

Jaji mkuu aliuliza kwa nini walimwagiza kiumbe wao asinywe maji yaliyo mbele ya macho yake. Nahodha akaeleza: maji yalikuwa salama jana, leo yana maradhi, kwa sababu mchezo umesasishwa, nao walikuwa wameuandikia ule wa zamani.

"Na nani aliyeusasisha?"

Mtoto hamtaji mkubwa mbele za watu. Hilo hata watoto wa chekechea walilijua. Katika safu ya kwanza mwalimu mkuu aligeuza shingo, akamtafuta Bi Nukta kwa macho, na macho yale yalikuwa ya shemeji, si ya mwalimu mkuu. Neno moja lingetosha. "Nahodha, kaa," na mambo yangepita. Bi Nukta alilihisi neno lile kwenye ulimi, limeiva, kazi yake ya miaka mingi ikimsukuma alitamke. Akafumba kinywa. Alinyamaza kwa makusudi, kama mtu anayemshikia mwingine mlango.

"Mwalimu mkuu," akasema Nahodha. "Alikuwa anasafisha kwa ajili yenu."

Majaji wakatazama kuta zilizokuwa bado zinanuka rangi. Mmoja wao aliondoa kiwiko mezani, akakikagua.

Iliyokwenda mbele ni timu nyingine. Jaji mkuu aliwasifu watoto watatu kwa maneno mazuri, nao wakayapokea kwa adabu, wakijua kwamba sifa hazimpeleki mtu raundi ya pili.

Jumapili mwalimu mkuu alichelewa kuja kula, na alipokuja hakumsalimu mwenye nyumba wa kike. Alimlilia kaka yake. Mke wa kaka, alisema, amemwachia mwanafunzi amwaibishe hadharani, na sasa kesho mtoto yule atoke kwenye klabu mpaka atakapoomba radhi. Seremala alitafuna taratibu, akameza.

"Mdogo wangu," akasema, "ukiingia karakana yangu nikiwa sipo, ukanisafishia randa zangu kwa msasa ili zing'ae, nikupe soda?"

"Kaka, hili si la utani."

"Mimi natania? Nauliza bei ya randa."

Bi Nukta akaweka sahani yake chini. Aliongea polepole, na wanaume wote wawili waliacha kula.

"Mtoto hatoki klabu. Na wa kuomba radhi unamjua. Sikutaki mbele ya shule, wala sikutaki mbele ya wageni. Nakutaka mbele ya wale watatu, kesho jioni. Usipokuja, Jumanne utatafuta mwalimu wa hisabati."

"Shemeji, umefika huko?"

"Sikwenda mwenyewe. Umenifikisha."

Jumatatu jioni feni zilikuwa zinakoroma kama kawaida mlango ulipogongwa. Mwalimu mkuu aliingia bila tai. Watoto wakasimama. Alikohoa, akatazama dirisha, akatazama msumari, akasema kwamba amekuja kuomba samahani kwa yale yaliyotokea.

"Hayakutokea, Mwalimu," akasema Nahodha, kwa heshima, mikono ameikunja. "Yalifanywa."

Kwa mara ya pili mwalimu mkuu akamtafuta Bi Nukta kwa macho. Bi Nukta alikuwa ameinama anatafuta chaki kwenye droo, na alikuwa akiitafuta kwa uangalifu mkubwa, ingawa ilikuwa mkononi mwake.

"Nilifuta ubao bila kuusoma," akasema mwalimu mkuu. Sauti ilimtoka kwa shida, kama ya mwanafunzi anayekariri alichokosea. "Nikachomesha diski. Nikabonyeza kukubali kitu nisichokijua. Mmekosa nafasi kwa sababu yangu. Samahani."

Nahodha akatikisa kichwa kuonyesha kwamba amesikia. Hakusema wamesamehe, na hakuna aliyemhimiza aseme. Mwalimu mkuu alingoja kidogo, akaona hapana kingine, akatoka akiufunga mlango taratibu.

"Yamekwisha, Mwalimu?" Chapuchapu akanong'ona.

"Hayajakwisha," akasema Bi Nukta.

Akaugeukia ubao, akaanza kuandika kazi ya siku: udongo unapatikana wapi kisiwani, unatambuliwaje, chungu kinafinyangwa kwa hatua gani, maji yachemke kiasi gani ndipo yanywewe. Mzee akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena, bado hakusoma kitu. Herufi zilikuwa ndogo kuliko walivyowahi kuziona, zimepangwa sawasawa, kila nukta mahali pake. Nahodha ndiye aliyeanza kusogeza kiti mbele, na wenzake wakamfuata.